Filamu fupi ya mvua isiyo na kisa, dakika 8 na sekunde 40: kwa nini inachosha kuanzia dakika ya nne?

#1 Mgombani (mleta uzi)
Wakuu, salaam. Nina filamu ya dakika 8 na sekunde 40, shoti 38. Nyumba moja ya zamani Pangani, siku ya masika, kuanzia wingu linapojikusanya mpaka usiku umeme unapokatika na kandili inawashwa. Hakuna mazungumzo wala kisa. Binadamu ni bibi mmoja, naye anaonekana mikono na mgongo tu. Fremu 25 kwa sekunde, shata 1/50 (kila fremu inapokea mwanga kwa sehemu moja ya 50 ya sekunde), lenzi moja ya milimita 50, kamera kwenye stendi mwanzo mwisho. Muziki ni kinanda cha taratibu kinachovuma chini kwa chini filamu nzima.

Watu 11 wameitazama. Dakika tatu za kwanza wametulia tuli. Ya nne ikiingia, mikono inaanza kutafuta simu. Wanaoipenda wanasema "nzuri ila ndefu". Nikiikata ibaki dakika 5 ile hali inakufa, inageuka tangazo la utalii. Filamu ya namna hii, maadamu haishikwi na kisa, inashikwa na nini?

#2 FundiSauti
Zima huo muziki, mkuu. Sauti inayovuma bila kubadilika, sikio linaizoea baada ya muda mfupi na kuacha kuisikia, ila inaendelea kufunika kila kilicho chini yake. Umebaki na picha peke yake bila kujua.

Mvua ya kwenye mabati ina masafa yote kwa pamoja, mazito na membamba, inafunika vitu kama blanketi. Ukirekodi ukiwa chini ya bati unapata "shhhh" moja isiyo na sura. Rekodi tabaka tatu mbalimbali: ya mbali (mvua juu ya miti, mto, barabara), ya kati (bati la jirani, mfereji unaomwaga), ya karibu (tone moja kwenye ndoo, kwenye sufuria, kwenye jani la mgomba). Hezi 48,000, biti 24, kilele kisipite desibeli -12. Kila tabaka dakika 2 au 3 bila kugusa kitu. Halafu zichanganye kwa kupandisha moja na kushusha nyingine. Usiziache zote tatu wazi kwa wakati mmoja.

#3 Kata_Mwembe
Sekunde 520 za filamu gawanya kwa shoti 38 ni sekunde 13.7 kwa shoti. Mgombani, naomba urefu wa shoti zako zote, si wastani. Nahisi nyingi ni kati ya sekunde 12 na 15.

#4 Mgombani
Umepiga palepale. Fupi kabisa ni sekunde 9, ndefu ni 18.

#5 Kata_Mwembe
Basi ugonjwa ni huo. Mtazamaji anajifunza pigo lako ndani ya shoti kumi. Shoti kumi kwa sekunde 13 ni dakika mbili na kitu; anavumilia kidogo, ikifika ya nne mwili wake unajua kata inayofuata inaingia lini. Kinachomchosha ni kule kujua kabla. Jaribu 4, 4, 31, 7, 12, 55, 3. Shoti ya sekunde 55 inabadilika njiani: sekunde 10 za kwanza mtu anasoma picha, zinazofuata anachoka, kisha anaanza kuona ambacho hakukiona. Ukikata kwenye 15 umemtoa katikati ya uchovu, kabla hajavuka. Kila shoti yako inamwacha hapo.

#6 Mdau_wa_Giza
Namuunga mkono #5 nusu. Sekunde 55 za picha isiyo na kitu kinachosogea ni sekunde 55 za kuangalia ukuta. Shoti ndefu inahitaji jambo dogo linaloendelea ndani yake: ndoo inajaa, doa la maji linapanda ukutani, mwanga unatoka dirishani. Likianza na kukoma ndani ya shoti, ndilo linalokwambia ukate wapi.

#7 Kizingo
Hamjambo nyote, niko Lamu. Nadhani mnamtibu mgonjwa asiye huyu. Tatizo ni lenzi moja. Milimita 50, stendi, kila kitu umbali ule ule. Sikio linazoea mvumo, jicho nalo linazoea ukubwa. Kunahitajika shoti ambamo nyumba ni ndogo kama kiberiti chini ya wingu, na shoti ambamo uzi wa mkeka ni mnene kama kamba ya jahazi. Milimita 24 na 85 zinatosha. Bajeti ikikataa, baki na hiyo 50 lakini sogeza miguu: mita 15 nje, sentimita 45 ndani.

#8 Bandari_Salama
Mimi nasema hakuna tatizo la kukata wala la lenzi. Filamu ya hali inataka mtazamaji aliyezoea. Ile "La Jetée" ya Chris Marker ya 1962 ni dakika 28 za picha mnato tupu na watu wanaitazama mpaka leo.

#9 Mdau_wa_Giza
#8, masahihisho mawili. Si picha mnato tupu: kuna sehemu fupi mwanamke anafumbua macho kitandani na picha inasogea kweli. Sekunde chache, na nguvu yake inatokana na mnato wote uliotangulia. La pili, filamu ile ina msimulizi na ina kisa, tena kisa kilichofungwa barabara. Haifai kuwa mfano hapa.

Unaofaa ni "Regen" (yaani Mvua) ya Joris Ivens na Mannus Franken, 1929. Amsterdam, kama dakika 12, mvua tu. Hakuna mhusika hata mmoja.

#10 Bandari_Salama
Asante kwa sahihisho la Marker. Hiyo ya Amsterdam naijua, na inanisaidia mimi: walitoka na kamera siku ya mvua wakapiga. Hali ilikuwepo, kazi yao ikawa kuipokea.

#11 Mdau_wa_Giza
Hapana, mkuu. Ilipigwa kwa miezi mingi, mvua nyingi, kisha ikaunganishwa ionekane kama manyunyu ya siku moja. Inaanza na jiji kavu, unakuja upepo, tone la kwanza kwenye maji ya mfereji, miamvuli inafunguka, madirisha yanafungwa, mvua inakolea, halafu inapungua na mwanga unarudi. Kisa hakuna, lakini mchakato upo. Kila mtu anajua mvua inavyoanza na inavyokwisha, hivyo kila shoti anajua yuko wapi.

Mgombani, ndiyo maana dakika tatu zako za kwanza zinashika! Wingu linajikusanya, mchakato unasonga. Naomba uniambie kuanzia dakika ya 4 kuna nini.

#12 Mgombani
Dakika ya 0 hadi 3:10 wingu, upepo, matone ya kwanza, bibi anaanua nguo. 3:10 hadi 6:40 mvua imekolea: bati, ndoo, ukuta, miguu ya kiti, bati tena, mgomba, ndoo tena. 6:40 umeme unakatika, kandili, mwisho.

#13 Mdau_wa_Giza
Sekunde 210 za mvua isiyobadilika. Nimemaliza.

#14 FundiSauti
Hujamaliza. Sekunde 210 hizo zinaweza kusimama kama sauti inasafiri: mvua nzito nje, kisha unafungiwa ndani, kisha tone moja tu kwenye sufuria na nyingine zote zimeshuka. Picha ile ile, safari tofauti.

#15 Kata_Mwembe
FundiSauti, kwako kila homa dawa yake ni maikrofoni 😄 Filamu ya Maya Deren na Alexander Hammid ya 1943, "Meshes of the Afternoon", ilitoka bila sauti kabisa. Muziki wa Teiji Ito uliongezwa 1959. Miaka 16 ilisimama bila kipande cha sauti. Na hiyo "Regen" nayo ni ya zama za filamu bubu. Muziki wa Hanns Eisler ni wa 1941. Kilichozishika zote mbili ni mkato.

#16 FundiSauti
Tarehe zako ni sahihi, ila ona zinasema nini. Anayetengeneza filamu bubu anajua ni bubu, hivyo anaweka pigo lote kwenye mwendo na mkato. Mgombani hakufanya filamu bubu. Alipiga shoti tulivu zinazoitegemea sauti, kisha akaifunika sauti kwa kinanda. Huwezi kuchukua mizani ya huku ukapimia mzigo wa kule.

#17 Chujio
Habari zenu. Kabla ya tiba, vipimo. Mgombani, wale 11 waliitazamia wapi? Kifaa gani, sauti gani, chumba gani?

#18 Mgombani
Wawili kwenye kompyuta yangu na hedifoni. Tisa niliwatumia WhatsApp.

#19 Chujio
Basi tisa hawajaitazama filamu yako. WhatsApp ikituma kama video inabana picha vibaya sana, na inachobomoa kwanza ni kile ulichokitengenezea filamu nzima: vivuli. Wingu la kijivu linalofifia taratibu linakuwa ngazi ngazi, kona ya chumba chenye giza inakuwa vigae vinavyocheza. Sauti nayo: spika za simu nyingi hazitoi cha maana chini ya hezi 200. Mvumo wa kinanda kama uko hezi 60, hawakuusikia kabisa, walisikia "shhhh" ya bati tu.

Fanya hivi. Ukituma WhatsApp, tuma kama dokumenti. Ukipandisha YouTube, hata kama ulipiga 1080, toa faili ya 4K. Inapata mbano bora zaidi. Piga biti 10 (ngazi nyingi zaidi za rangi) kama kamera inaruhusu. Kama una biti 8, ongeza chenga (punjepunje za picha) kidogo mwishoni. Chenga ndogo inavunja zile ngazi za kijivu. Usizidishe, maana mbano unazila na unabaki na uji. Mvumo mzito uongezee ukakasi kidogo ili upate sauti za juu yake, kwenye hezi 300 au 400, simu iweze kuutoa.

Halafu waite watu watano, chumba kimoja, luninga, taa zimezimwa, simu mezani. Uone kama dakika ya nne ipo bado.

#20 Kizingo
Hoja ya #19 nzito. Lakini wale wawili wenye hedifoni je?

#21 Mgombani
Mmoja alitulia mpaka mwisho. Mwingine alichoka dakika ya tano.

#22 Bandari_Salama
Mmoja kwa mmoja. Tunarudi kulekule 🙂

#23 Mwanga_wa_Saa12
Hakuna aliyegusa mwanga na filamu ni ya mwanga. Mgombani, wakati wa mvua kukolea, kamera ulipima vipi? Kila shoti ulirekebisha mpaka picha "iwe sawa"?

#24 Mgombani
Ndiyo, kila shoti kipimo katikati. Waiti balansi (mpangilio wa rangi ya mwanga) niliiacha otomatiki.

#25 Mwanga_wa_Saa12
Hapo ndipo jioni yako ilipofia. Ulikuwa na siku inayozama, wewe kila shoti ukaivuta juu mpaka kipimo cha kati. Dunia inaingia giza, filamu inabaki saa nane mchana. Kisha 6:40 ghafla usiku.

Funga kila kitu. Waiti balansi moja, sema kelvini 5600, mpaka jua linazama. Mchana unavyokufa picha itageuka buluu yenyewe, iache. Kipimo nacho: usirudishe stopu zote zinazopotea (stopu moja ikipungua, mwanga umebaki nusu). Mwanga ukipungua stopu 3, rudisha 1 au 1.5 tu. Mtazamaji ataiona jioni bila kuambiwa.

Na muda ni mchache. Kwetu karibu na ikweta jua linashuka karibu wima, nyuzi 15 kwa saa, hivyo kutoka nyuzi 6 juu ya upeo mpaka kuzama ni kama dakika 25 tu. Shoti za mwanga huo ni tatu, nne ukiwa umepanga. Jana yake weka alama sakafuni mahali pa miguu ya stendi.

#26 Mgeni_Baridi
Nathibitisha kutoka Stockholm. Hapa mwezi wa sita jua linateleza kwa mshazari, huo mwanga wa nyuzi 6 unapita saa moja. Anayejifunza kwa video za huku halafu akaenda kupiga Pangani atadhani ana muda.

#27 Mwanga_wa_Saa12
Ahsante. Kuhusu usiku: moto wa kandili uko karibu na kelvini 1900 kwenye kipimo cha rangi. Otomatiki itaupausha uwe mweupe. Weka 3200, moto unabaki wa dhahabu. Uso au mkono ulio nusu mita na kandili: f/2 (tundu la lenzi), 1/50, ISO 1600 (wepesi wa kamera kupokea mwanga) unafika. Punguza utambi, ukiwa juu kioo kinashika masizi na moto wenyewe unaungua kwenye picha. Ukitaka mwanga zaidi, usipandishe utambi. Ficha taa ndogo ya LED yenye karatasi ya rangi ya machungwa nyuma ya kandili, upande usioonwa na kamera.

#28 Mti_Mkavu
Hiyo ni chemli, si kandili 😀

#29 Kizingo
Kwetu ni kandili. Chemli ni ya kwenu bara.

#30 Chujio
Angalizo juu ya hizo LED za bei rahisi. Umeme wetu ni hezi 50, taa inapiga mara 100 kwa sekunde. Ndiyo maana tunapiga fremu 25. Ukipiga 30 unapata michirizi myeusi inayopanda na kushuka.

#31 Kata_Mwembe
Sahihisho dogo, Chujio: inayoleta michirizi ni shata, si idadi ya fremu. Fremu 30 na shata 1/60 ni mchirizi, kwa sababu 1/60 haigawanyiki sawasawa kwenye mapigo ya 1/100. Fremu 30 na shata 1/50 au 1/100 ni safi. Wa simu wengi wanaumia hapo: simu inachagua 1/60 yenyewe.

#32 Chujio
Kweli kabisa, nimekubali.

#33 Mti_Mkavu
Na mvua yenyewe? Mara nyingi inanyesha kweli na kwenye picha haionekani. Nasikia wanachanganya maziwa kwenye maji.

#34 Mwanga_wa_Saa12
Achana na maziwa, yananuka baada ya saa mbili na yanaacha madoa. Mvua inaonekana kwa mwanga wa nyuma. Mwanga uwe nyuma ya mvua kuelekea kamera, kando kidogo, na nyuma ya matone pawe peusi: mlango wazi wa chumba chenye giza, ukuta wenye kivuli, mwembe. Mvua mbele ya anga jeupe haionekani hata iwe gharika. Lenzi ndefu inakusanya matone mengi ndani ya fremu. Shata 1/50 inatoa nyuzi ndefu, 1/200 inatoa chembe. Amua unataka mvua ilale au irukeruke.

Ya kutengeneza: mpira wa maji unaelekezwa juu, maji yapande mita 3 au 4 yaanguke yenyewe. Ukielekeza chini unapata bomba, hupati mvua. Na usifanye jua likiwaka, kivuli kikali ardhini kitakusuta.

#35 Mdau_wa_Giza
Filta za ND pia, yaani vioo vya kupunguza mwanga mbele ya lenzi. Jua kali, ISO 100, f/16, shata 1/100 ndiyo picha sawa. Ukitaka f/2.8 na 1/50 unapunguza stopu 6, yaani ND64. Chini ya wingu zito la masika zinabaki 2 au 3, ND4 au ND8 inatosha. Zile za kuzungusha zikizidishwa kwenye lenzi pana zinatoa msalaba mweusi angani, na kwenye filamu ya mawingu huo msalaba hauna pa kujificha.

#36 Kizingo
Nirudi kwenye swali. Mkono wa bibi unaonekana mara ngapi katika zile sekunde 210?

#37 Mgombani
Haumo. Anaanua nguo 2:50, anarudi na kandili 6:45.

#38 Kizingo
Karibu dakika nne nyumba haina mtu. Watu hawakuchoka na mvua, walibaki wenyewe. Si lazima afanye jambo. Kiti chake kisogezwe kati ya shoti mbili. Kikombe kilichokuwa kimejaa kiwe nusu. Kanga iliyoanuliwa iwe imekunjwa. Mtazamaji anajua yupo, anaanza kumsikiliza. Hapo sekunde 210 zinakuwa za mtu anayesubiri mvua ipite.

#39 Mdau_wa_Giza
Ukifanya hivyo umeanza kutia kisa.

#40 Kizingo
Kikombe nusu ni kisa?

#41 Mdau_wa_Giza
Ndiyo. Kidogo, lakini ndiyo. Mtazamaji atauliza nani amekunywa, na akishauliza ameacha kutazama maji.

#42 FundiSauti
Mleteni bibi kwa sauti basi, bila kumwonyesha. Mguu kwenye sakafu ya mbao chumba cha pili, kijiko kwenye kikombe, mara moja tu katika zile dakika, chini kabisa ya mvua. Ianze sekunde 1 au 2 kabla ya kukata, imalizikie kwenye picha inayofuata. Na Mgombani, rekodi ukimya wa kila chumba sekunde 60 kwa uchache, bila mvua. Ukiunganisha kipande cha sekunde 10 kwa kukirudia, kunguru aliyelia mara moja atalia kila baada ya sekunde 10, na sikio litamkamata kabla ya jicho.

#43 Mgombani
Nimesoma yote, asanteni sana. Masika bado ipo, nitarudi Pangani. Mpango: waiti balansi 5600 imefungwa, kipimo kinashuka na siku, shoti mbili za zaidi ya sekunde 50 (ndoo, na doa la ukutani), tabaka tatu za mvua, kinanda nje. Kikombe nitapiga namna zote mbili, kimejaa na nusu, nitaamua mezani.

Swali la mwisho: nikitoka kwenye gari lenye kiyoyozi, lenzi inajaa ukungu na nakosa wingu la kwanza. Mnafanyaje?

#44 Chujio
Zima kiyoyozi nusu saa kabla ya kufika, fungua vioo. Kama si gari lako, funga kamera na lenzi kwenye mfuko wa plastiki usiopitisha hewa ukiwa bado ndani ya baridi, toka nayo, iache kivulini dakika 20 mpaka 30 ipate joto ikiwa ndani ya mfuko. Ukungu utakaa juu ya plastiki. Usifute lenzi kwa shati, pwani kuna chumvi, utaikwaruza.

#45 Bandari_Salama
Au usifute kabisa, upige hivyo hivyo. Ukungu unaoondoka polepole kwenye lenzi una mwanzo, kati na mwisho. Unatoa sekunde 50 zako.

#46 Kata_Mwembe
Hilo wazo zuri, ila piga shoti ya akiba iliyo safi ya fremu ileile, stendi isisogee.